Muhuri wa Hussni

Siku muhuri wa kwanza ulipoingia, Bi Maimuna alikuwa chini ya meza, kichwa kati ya nyaya, akiitukana seva. Seva yenyewe ilikuwa kompyuta kuukuu isiyo na kifuniko, inayopozwa na feni ya mezani, na kila umeme wa mtaa wa Calanley, hapa Kismayo, ulipokonyeza, ilizimika ikangoja kubembelezwa.

"Mama," aliita binti yake Fadhila kutoka upande wa pili wa chumba.

"Ngoja."

"Mama, toka huko. Hussni ametia muhuri."

Bi Maimuna alijigonga kichwa kwenye ubao wa meza. Akatoka kwa magoti, buibui limejaa vumbi, akaenda moja kwa moja hadi kwenye kompyuta ya binti yake bila kumtazama usoni. Alikuwa mtu wa kuona kitu kwanza, kulia baadaye.

Ilikuwa kweli. Kazi aliyoituma Mzamil kutoka Mombasa asubuhi ile, marekebisho madogo ya programu ya saa za swala, ilikuwa imetiwa muhuri. Chini yake jina la Hussni, na maneno mawili aliyokuwa akiyaandika siku zote: "Nimesoma. Sawa."

Hussni alikuwa mume wa Fadhila. Mwaka mzima ulikuwa umepita tangu alipopanda boti ya faiba pale kisiwani Kudhaa, peke yake, kwenda kisiwa cha Fuma kurekebisha mlingoti wa intaneti. Bahari ilikuwa shwari siku hiyo. Hakufika Fuma, wala hakurudi Kudhaa, wala boti haikuonekana, hata kipande, hata galoni la petroli.

"Mume wangu yu hai," Fadhila alisema.

"Huu ni muhuri wake," alisema Bi Maimuna. "Mume wako ni jambo jingine. Kaa chini kwanza."

Huo muhuri una habari yake. Bi Maimuna alipata stashahada ya kompyuta Mombasa, enzi za ukimbizi. Aliporudi Kismayo akakuta shule zimejaa kompyuta za msaada, kuukuu, zilizolemewa na mifumo ya kisasa ya kununua. Yeye na Mzamil, aliyesoma naye chuoni, wakachukua mfumo endeshi huria, ule ambao mtu yeyote anaruhusiwa kuufungua, kuutazama ndani, kuurekebisha na kuwagawia wengine. Wakaupunguza hadi ukaenea kwenye mashine zile, wakautia maneno ya Kibajuni na ya Kiswahili, wakauita Tikuu. Hussni, fundi wa Kudhaa, akajiunga nao, na haikuchukua muda akawa mkali kuliko wote wawili. Alianza kuja Kismayo kila mara kuitazama seva, hata seva ikiwa nzima, mpaka Bi Maimuna akamwambia wazi: kama ni Fadhila unayemtaka, lete wazee, uache kunichezea nyaya.

Sasa Tikuu ilikuwa shuleni Kismayo na visiwani, Mombasa, kwenye kambi za Kenya, na kwa Wabajuni waliotawanyika Ulaya. Watu wasiojuana walikuwa wakiishona pamoja. Mwalimu wa kambini anatuma kiraka, dereva wa teksi aliye kwenye baridi huko anatuma kingine. Lakini kiraka hakikuingia hadi kisomwe na walinzi wawili kati ya watatu, kila mmoja akitie muhuri kwa ufunguo wake. Muhuri mmoja haukutosha. Mashine zenyewe, popote zilipokuwa, zilikataa. Ufunguo huo ni faili ndani ya flashi, na kila mlinzi alikuwa na flashi moja tu. Mzamil aliificha kabatini. Bi Maimuna aliifunga kwenye pindo la leso. Hussni aliivaa shingoni kwa uzi wa mshipi wa kuvulia, na vijana wa Kudhaa wakimcheka kwamba msomi kavaa hirizi.

Na kulikuwa na kanuni nyingine, ambayo Bi Maimuna aliiandika kwa mkono wake: mlinzi akitoweka, ufunguo wake ufungwe mara moja, na sababu iandikwe mbele ya watu wote. Mahali pengine duniani kanuni hiyo ingefuatwa bila kelele. Hapa haikuwezekana. Mtu aliyechukuliwa na bahari na maiti yake isionekane hatandikiwi mkeka wa matanga, hasomewi hitima, na mkewe haingii eda, hadi apatikane au kadhi atamke. Anahesabiwa hai aliyechelewa. Kuufunga ufunguo wa Hussni na kuandika sababu kungekuwa kumtangaza amekufa mbele ya dunia, wakati mama yake kule Kudhaa bado anamwekea sahani. Bi Maimuna na Mzamil hawakulizungumza jambo hilo hata mara moja. Waliuacha ufunguo wazi kwa heshima.

Na sasa kuna aliyeutumia.

Simu ikalia. Mzamil.

"Bi Maimuna, umeona?"

"Nimeona. Flashi imeibiwa."

"Alikuwa nayo shingoni."

"Basi imeibiwa shingoni. Muhuri umetoka wapi? Si unaweza kufuata njia yake?"

"Nimeifuata. Umepitia mlingoti wa Fuma."

Mlingoti wa Fuma ndio huo Hussni aliokuwa akienda kuurekebisha. Haukuwahi kurekebishwa. Wapiga mbizi waliopita kule walisema umelala mchangani, paneli ya jua imeng'olewa, nyaya zimeoza kwa chumvi.

"Bi Maimuna, uko hapo?"

"Kanywe chai," alisema, akakata simu.

Jioni ile Fadhila alipaka hina. Asubuhi yake alikwenda kwa kadhi, Sheikh Adnani, akaiondoa kesi ambayo mama yake alimsukuma kwa miezi mingi aifungue, ile ya kumwomba kadhi atamke kwamba Hussni amefariki. Uamuzi ulikuwa karibu kutoka.

"Umekwenda bila kuniambia," Bi Maimuna alimwambia.

"Ningekuambia ungenizuia. Mama, mtu anafanya kazi, anatia muhuri, halafu mimi nikamwombee hukumu ya kufa?"

Bi Maimuna alikuwa na la kumjibu, lakini aliitazama ile hina, akalimeza. Hakuwa akimtakia Hussni kifo. Alichokichukia ni ule mwaka. Binti yake alikuwa ameupitisha mwaka mzima akiwa si mke wala si mjane, anakula pembeni, halali kitandani wala chini, akisikia injini ya boti anasimama. Jibu lolote, hai au maiti, lingekuwa afadhali kuliko kungoja huku. Na sasa kungoja kumevaa hina.

Mihuri iliendelea. Ilikuja baina ya Alasiri na Magharibi, wakati ambao Hussni alizoea kufanya kazi. Kila ilipokuja feni ya seva ilipunguza mwendo, kama imezamishwa kwenye kitu kizito, kisha ikaendelea. Asubuhi Bi Maimuna alikuta chumvi nyeupe juu ya chuma cha seva. Aliifuta kwa kitambaa, akasema ni hewa ya pwani. Kesho yake akaikuta ndani, kwenye vyuma visivyofikiwa na hewa. Akaifuta pia.

Akaamua kumjaribu huyo mtu, awe nani. Aliandika kiraka kirefu cha kuchosha kuhusu kibodi, akakituma kwa jina la mwanafunzi asiyekuwepo. Katikati yake, ndani ya mamia ya mistari, akaficha kosa moja: kibla cha Fuma akakipinda kidogo kuelekea kusini. Programu ya kujiendesha ingekipitisha. Mwizi asiyejua Fuma angekipitisha. Mzamil alikipitisha, na Bi Maimuna akaweka moyoni kumshughulikia baadaye.

Chai yake ilikuwa bado inatoa moshi jibu lilipokuja.

"Kibla cha Fuma hakiko sawa. Mama, usinijaribu."

Alilisoma akiwa amesimama. Kisha akavuta kiti, akakaa, akalisoma tena. Mkwewe ndivyo alivyomwita, Mama, tangu siku ya posa. Na jina juu ya kiraka kile lilikuwa la mtu aliyemtunga mwenyewe, peke yake, bila kumwambia hata Fadhila.

Akaandika chini yake: "Uko wapi?"

Hakujibiwa. Fadhila naye alipoona, akaandika. Aliandika siku nzima, maswali ya mke: unakula nini, uko na nani, una mguu mzima, nije nikuchukue? Hakujibiwa hata moja. Alasiri ilipopita, kiraka cha dereva wa teksi kikatiwa muhuri kama kawaida. Nimesoma. Sawa.

"Ananisusia," Fadhila alisema.

"Hussni hajui kususa. Anajibu kazi tu."

"Kwa nini?"

"Ningekuwa najua ningekaa hapa kujikuna?"

Kisha siku moja kikaja kiraka kilichoandikwa na Hussni mwenyewe. Kilikuwa cha mstari mmoja.

Ile programu ya saa za swala ina orodha ya mahali, ili mtu achague palipo karibu naye. Kila mahali pana jina, namba mbili za kuonyesha palipo juu ya ramani, na namba ya tatu ya kimo kutoka usawa wa bahari. Kismayo imo, Kudhaa, Fuma, Darakasi, Mombasa, kambi zote. Hussni alikuwa ameongeza mahali pamoja. Jina lake ni Hapa. Kimo chake, hasi kumi na moja.

Fadhila aliinama juu ya bega la mama yake. "Hasi?"

"Mita kumi na moja chini ya maji."

"Kakosea kuandika."

"Umewahi kumwona Hussni akakosea namba?"

Bi Maimuna alizipeleka zile namba mbili kwenye ramani. Alama ikatua kwenye rangi ya buluu baina ya visiwa vya Darakasi na Fuma, mahali pasipo kisiwa wala mwamba. Walikaa wakiitazama. Nje bajaji ilipita ikipiga honi, mtu akamtukana dereva kwa Kisomali, dereva akacheka.

"Kikatae," Fadhila alisema. "Wewe ndiye mlinzi. Mwambie hakifai, akaandike upya, aandike mahali pa nchi kavu."

"Kiraka kikiwa na kosa hukataliwa. Kikiwa sahihi huingia. Sijui bado hiki ni kipi."

"Mimi najua unachotaka. Unataka afe, upumzike."

Bi Maimuna aligeuza kiti. "Nataka ujue, mwanangu. Akiwa hai nikamlete kwa masikio. Akiwa amekufa tumzike. Hili la katikati ndilo silitaki, kwa sababu linakula wewe, halimli yeye."

Kesho yake alfajiri ilipopambazuka alipanda boti ya abiria kwenda Kudhaa, zile namba zimo kwenye simu. Akamtafuta Badi, mpiga mbizi wa kuvua kamba, anayeshuka na mpira wa hewa kutoka kwenye kompresa. Alimkuta anasafisha miwani ya mbizi kwa mate.

"Hapo hapana kitu, Bi Maimuna," Badi alisema alipoonyeshwa ramani. "Mchanga mtupu. Kamba hawakai mchangani, na mimi siendi wasipokaa kamba."

"Basi leo shuka ukauone mchanga."

"Mchu gani kakwambia kuna kitu?" Badi aliuliza kwa Kibajuni chake.

"Hussni."

Badi alicheka. Kisha akaona mwenzake hacheki, akakiangalia kile kioo cha simu, akaanza kubeba mpira wake.

Walifika jua likiwa juu. Maji yalikuwa yametulia hata boti haikuyumba, na Bi Maimuna aligundua jambo ambalo hakulipenda: ndege hawakuwepo. Kote walikopita walikuwa wakipigiwa kelele na ndege. Hapa palikuwa na mlio wa kompresa tu. Badi akashuka. Mpira ulimfuata polepole, fundo baada ya fundo, maana aliufunga vitambaa kila pima moja ili ajue kina. Bi Maimuna aliushika kwa mkono wake. Ulikuwa baridi kuliko maji.

Badi alipanda, akashika ubavu wa boti, akatoa kidude cha hewa mdomoni. Alikaa anapumua.

"Sema," Bi Maimuna alimwambia.

"Boti iko chini. Imejifunika kama sahani."

"Na yeye?"

"Yumo ndani yake."

"Kina gani?"

Badi alitazama kitambaa kilichokuwa kwenye ukingo wa maji. "Pima sita."

Bi Maimuna alipiga hesabu kichwani. Pima sita ni mita kumi na moja. Alijikuta anatikisa kichwa kukubali, kama vile anavyofanya akiona kazi safi ya mtu, na kitendo hicho kikamtia hofu kuliko kitu chochote tangu mambo haya yaanze.

Walimleta Kudhaa ndani ya shuka, yale yaliyobaki. Flashi ilikuwa bado shingoni kwa uzi wa mshipi, chaza wadogo wameota juu yake. Aliswaliwa, akazikwa siku ile ile kabla ya Magharibi. Fadhila aliletwa na boti nyingine, akakaa ndani na mama mkwe wake, mkono kwa mkono, na mama mkwe huyo ndiye aliyemliza, maana alisimama katikati ya watu akaenda jikoni kuiondoa ile sahani.

Bi Maimuna aliporudi Kismayo alifungua kile kiraka cha mstari mmoja. Akaandika: "Nimesoma. Nimehakikisha kwa pima." Akakitia muhuri wake, wa pili baada ya ule wa Hussni. Hapa ikaingia katika orodha, baina ya Fuma na Kambi.

Sheikh Adnani aliwaita. Alikuwa mzee mpole mwenye kikohozi, na habari za mihuri zilikuwa zimemfikia, kwa kuwa Kismayo hapana kitu kisichomfikia mtu.

"Eda huhesabiwa tangu siku ya kifo," alisema. "Kwa hiyo nahitaji siku. Bi Maimuna, alikufa lini?"

"Siku aliyoondoka Kudhaa."

"Na kazi aliyoifanya baada ya hapo?"

"Kazi ni kazi, Sheikh. Kufa ni kufa. Boti ilikuwa imeota matumbawe ya mwaka mzima."

Sheikh alikohoa. "Basi eda imekwisha zamani," alimwambia Fadhila. "Huna unachodaiwa, binti yangu. Uko huru."

"Nilipaka hina," Fadhila alisema.

"Hukujua. Hakuna lawama."

"Nilimpakia yeye."

Sheikh akafunga daftari lake.

Ingekuwa mwisho, kama mihuri ingekoma. Haikukoma. Siku ya pili baada ya maziko, flashi ya Hussni ikiwa juu ya kisahani mezani, kutu tupu, haiwezi kufungua kitu, Alasiri ikapita na kiraka cha mwalimu wa kambini kikatiwa muhuri. Nimesoma. Sawa. Feni ikapunguza mwendo. Fadhila alikuwa ameshika kijiko. Akakiweka chini. Tangu hapo hakula vizuri, akawa anaketi mbele ya kompyuta kuanzia adhuhuri, amenyoosha nguo, amejifukiza udi, kama mwanamke anayemsubiri mtu afike.

Bi Maimuna aliona kwamba kaburi halikutosha. Ufunguo ulikuwa wazi. Yeye na Mzamil ndio waliouacha wazi, na maadamu uko wazi Hussni atakuja kazini, na Fadhila atamngoja. Akaandika ombi la kuufunga, akatia muhuri wake, akampigia Mzamil atie wa pili.

"Siwezi," Mzamil alisema.

"Huwezi au hutaki?"

"Bi Maimuna, mtu ananijibu. Jana kanionyesha kosa langu, na kweli lilikuwa kosa. Nitaandikaje kwamba hayupo?"

"Unamwogopa."

"Ndiyo, namwogopa. Wewe humwogopi?"

"Namwogopa sana. Lakini binti ni wangu."

Mzamil akasema atafikiri. Simu yake haikupatikana tena. Bi Maimuna aliitazama seva. Ilikuwa chini ya meza yake, angeweza kuifungua kwa nyuma na kuyafuta yote. Lakini mashine za visiwani na za kambini zilifundishwa kukataa kitu chenye muhuri mmoja, na aliyezifundisha ni yeye.

Alimwendea Fadhila. "Uwe mlinzi," alisema.

"Wa nini?"

"Wa Tikuu. Kusoma viraka unajua. Ulikuwa unavisoma naye kitandani, mkadhani sisikii mnavyobishana. Tukuingize, halafu mimi na wewe tuufunge ufunguo wake."

Fadhila alimtazama mama yake kana kwamba amemtemea mate. "Nimfukuze mume wangu kwa mkono wangu."

"Kwa mkono wa nani basi? Wa kadhi? Kadhi hana ufunguo. Wa Mzamil? Kajificha. Mwanangu, ndugu na majirani wamemzika. Wewe bado."

Ilimchukua Fadhila muda mrefu kuinuka. Aliinuka, akaenda kununua flashi mpya kwenye duka la pembeni, akarudi, akatengeneza ufunguo.

Mlinzi mpya naye alihitaji mihuri miwili. Bi Maimuna aliandika ombi wazi, hakuzungusha maneno: "Fadhila anaingia kuwa mlinzi, ili ufunguo wa Hussni ufungwe." Akatia muhuri wake. Kisha akamtumia Mzamil ujumbe wa matusi ya adabu, kama vile wanawake wa rika lake wanavyojua kutukana, wakangoja awe mwanamume ajitokeze.

Alasiri ikaadhiniwa. Waliswali pale pale chumbani, mmoja mmoja, ili mwingine abaki akitazama. Umeme ukakonyeza, taa ikafa ikarudi, seva safari hii haikuzimika. Kisha feni ikasimama kabisa. Bi Maimuna aliinama kuigusa seva, akitegemea kuungua. Ilikuwa baridi kama ule mpira wa hewa. Chumba kilinuka mwani, mwani mbichi uliotolewa majini sasa hivi, na maji yakaanza kudondoka kutoka kwenye ukingo wa chuma, tone moja moja, juu ya saruji.

"Umeingia muhuri," Fadhila alisema. "Mzamil huyo. Kaona haya."

Bi Maimuna alisimama akatazama. Hakuwa Mzamil. Lilikuwa jina la Hussni, na chini yake hapakuwa na neno lolote.

Fadhila hakupiga kelele. Aliweka kiganja juu ya kioo, juu ya lile jina, akakiacha hapo.

"Ulimwandikia sababu," alisema.

"Nilimwandikia."

"Kwa hiyo amesoma. Amejua ninaingia kufanya nini."

"Hussni hakuwahi kutia muhuri kitu asichosoma," Bi Maimuna alisema, na sauti yake, ambayo watu wa Calanley waliizoea kuisikia ng'ambo ya barabara, ilitoka ndogo.

Fadhila akaondoa kiganja. Akachomeka flashi yake, akafungua ombi jipya. Mashine ilidai sababu ya kuufunga ufunguo, nayo ingesomwa na kila mtu, Ulaya, kambini, Kudhaa. Aliandika polepole, akafuta, akaandika tena. "Amefariki. Nimeshuhudia mimi, mkewe." Akatia muhuri wake wa kwanza. Mama yake akafungua pindo la leso, akatia wa pili.

Feni ikaanza kuzunguka. Maji yaliyodondoka yalikuwa yameacha alama kwenye saruji, na kwa kuwa jioni ilikuwa ya joto, alama ile ilikauka wakiitazama.

Kesho yake baada ya Alasiri walikuwa mezani wote wawili, na kila mmoja akijifanya amekaa kwa sababu ya kazi. Mwalimu wa kambini alikuwa ametuma kiraka kipya. Kilikaa kwenye foleni. Hakikutiwa muhuri. Dakika zilipita, nje watu wakauza, wakanunua, wakaitana, na ndani ya chumba feni ilizunguka sawasawa, na ule usawa wake ulikuwa mgumu kuuvumilia kuliko pale iliposimama.

"Kimya," Fadhila alisema.

"Ndiyo."

"Sijui nianzie wapi, Mama."

"Anzia juu. Soma kwa sauti, nikusikie."

Fadhila akavuta kiti, akaanza kusoma kile kiraka, mstari kwa mstari, namba na alama zake zote, taratibu, bila kuruka kitu, kwa sauti ile ile ya kunyooka ambayo watu husomea hitima. Bi Maimuna aliketi kando yake, mikono mapajani, akisikiliza hadi mwisho.